Franz Waxman, mtu aliyebeba nyimbo za wenzake

(Haya ni maneno niliyoongea mbele ya vijana wanaojifunza kutengeneza muziki wa filamu. Nimeyaandika karibu kama nilivyoyasema, nimetoa tu pale nilipojirudia sana.)

Shikamooni wazee wetu mliokaa mbele, na nyie vijana mliojaa huko nyuma habari za jioni. Niliombwa niongee kuhusu muziki wa filamu, nikaambiwa nichague mtunzi mmoja tu, sasa kuchagua kukanichukua siku nyingi maana wako wengi wazuri, mwisho nikarudi kwa yule yule aliyenifanya mi mwenyewe nianze hii kazi, Mjerumani mmoja anaitwa Franz Waxman. Najua wengi hapa ndo mara ya kwanza mnalisikia hilo jina.

Mi nilikutana naye bila kujua. Wakati huo nafundisha kwaya, mambo ya filamu siyajui kabisa, jirani yetu alikuwa na deki na kanda za muvi za zamani, usiku mmoja tukakaa kuangalia Rear Window ya Alfred Hitchcock, ya 1954, ile ya mpiga picha kavunjika mguu kakaa dirishani anawachungulia majirani. Wenzangu wote wanatafuta muuaji ni nani, mi masikio yangu yakaenda kwa jirani mmoja wa ng'ambo ya ua, mtunzi wa nyimbo, anahangaika na piano yake. Anapiga kipande kifupi, anaacha, anarudia, kakwama. Muvi inasonga na wimbo unakua kidogo kidogo, leo kipande hiki, kesho kile, na kuna mwanamke wa chini pale mpweke kabisa, ameshashika vidonge anataka kujimaliza, akausikia ule muziki akasimama. Mwisho wa muvi wimbo umekamilika, unaitwa Lisa, na Lisa ndo jina la mwanadada mwenyewe wa kwenye muvi. Wenzangu wanashangilia muuaji kakamatwa, mi nipo kimya, yaani mtu kaweka mbele ya macho yetu namna wimbo unavyozaliwa, shida zake zote, na hakuna hata mmoja pale chumbani aliyegundua. Nikarudisha kanda nyuma nikasoma majina. Franz Waxman.

Sasa nianze kwao. Alizaliwa tarehe 24 Desemba 1906 kwenye mji wa Königshütte, Silesia ya Juu, enzi hizo ni Ujerumani, leo ni Poland na mji unaitwa Chorzów, ni mji wa makaa ya mawe na chuma. Familia ya Kiyahudi, jina lao lilikuwa Wachsmann, hili la Waxman lilikuja baadaye. Akiwa na miaka mitatu alimwagikiwa maji ya moto kutoka jikoni yakamuumiza macho, akabaki na uoni hafifu maisha yake yote, mkumbuke hilo kwamba huyu mtu aliyekuja kuishi kwa kuangalia picha kwenye skrini macho yake hayakuwa mazima. Alipenda muziki lakini baba yake hakuamini kama muziki unalisha mtu, kwahiyo akapelekwa kufanya kazi benki, keshia, akakaa dirishani pale kama miaka miwili na nusu. Mshahara ukitoka anaupeleka kwa walimu, wa piano, wa hamonia, wa utunzi. Akishiba vya kutosha akaacha benki akaenda Dresden, halafu Berlin, na huko ada anajilipia mwenyewe kwa kupiga piano kwenye mabaa na kumbi za usiku.

Berlin ya miaka ile ilikuwa imepagawa na jazi. Kulikuwa na bendi inaitwa Weintraubs Syncopators, moto wa kuotea mbali, Franz akaingia kama mpiga piano. Na kwenye bendi hiyo ndo akajuana na Friedrich Hollaender, mtunzi mkubwa wa nyimbo za kabare. Hollaender alipopewa kutunga nyimbo za Der blaue Engel, filamu ya Josef von Sternberg, ile iliyomfanya mwigizaji Marlene Dietrich ajulikane dunia nzima, iliyotoka Berlin Aprili 1930, kazi ya kuzipangia orkesta na kuiongoza ile orkesta akampa huyu kijana wa miaka 23.

Hapa nikae kidogo maana vijana wengi hii kazi mnaidharau. Kwenye kwaya zetu mnajua ilivyo, mtu anakuja na wimbo kichwani, anauimba sauti moja tu, basi. Mwalimu wa kwaya ndo anakaa usiku na karatasi, soprano waende hivi, alto wakae hapa, tena aingie nyuma kidogo, besi ashike chini asiondoke. Jumapili watu wanasema wimbo wa fulani mzuri, na ni kweli ni wa fulani, lakini kuna mtu kaubeba mpaka ukafika. Sasa zidisha hiyo kazi, badala ya sauti nne weka fidla, klarineti, trombone, ngoma, halafu ongeza kwamba 1930 sauti kwenye filamu ilikuwa kitu kipya kabisa, maikrofoni zenyewe mbaya, ala nyingine zinasikika kama bati. Inabidi ujue ala ipi itapita kwenye ile mashine na ipi itapotea. Waxman alijifunza filamu kwa mlango huo, akibeba wimbo wa mtu mwingine, na mi naamini kila kitu kikubwa alichofanya baadaye kinatoka pale. Ndo neno langu la leo hilo.

Prodyuza wa Der blaue Engel alikuwa Erich Pommer wa kampuni ya filamu ya UFA, akamshika huyo kijana, kazi zikawa zinakuja. Mara 1933 Hitler kashika madaraka. Mapema 1934 Waxman anatembea mtaani Berlin, wahuni wa Kinazi wakamvamia wakampiga vibaya kwa sababu ni Myahudi. Akachukua mke wake wakaondoka Ujerumani, wakaenda Paris. Hollaender naye alikimbia, Pommer naye, Sternberg na Dietrich walishakuwa Marekani, wale Weintraubs waliishia Australia na huko vita ilipoanza wakawekwa kizuizini kwa sababu wametoka Ujerumani. Meza nzima ya watu waliotengeneza filamu moja, ndani ya miaka minne haina mtu.

Paris alikuta Pommer anatengeneza Liliom na Fritz Lang, akamtungia muziki. Halafu Pommer akaenda Hollywood kutengeneza Music in the Air, tamthilia ya nyimbo za Jerome Kern, akamchukua Waxman akazipange zile nyimbo. Mnaona? Kavuka bahari, lugha mpya, kazi ya kwanza ni kubeba nyimbo za mwenzake tena. Hakulalamika, alikaa akafanya.

Kumbe Liliom ilikuwa imeangaliwa na dairekta mmoja Mwingereza, James Whale, akaipenda. Walikutana kwenye sherehe nyumbani kwa mtu huko Los Angeles, Whale akamwambia nataka unitungie muziki wa muvi yangu, lakini humu ndani hakuna kinachofika mwisho isipokuwa ile nyumba kubomoka, je unaweza kuniandikia muziki ambao nao haufiki? Ndo Bride of Frankenstein, 1935. Nyie mnaopiga kinanda mnajua, kodi fulani ukiipiga sikio linadai irudi nyumbani, ukiiacha juu msikilizaji anabaki kama kashikwa shati. Waxman muvi nzima kawashika watu shati. Zimwi kalipa noti zake chache nzito za kukaba, Bibi Arusi kampa melodi tamu inayopanda juu kama inatamani kitu, na kwenye ile sini ya kumuumba huyo Bibi Arusi maabara imejaa umeme na moshi, chini ya kelele zote ngoma kubwa za orkesta zinadunda, du, du, du, hazibadiliki, mapigo ya moyo ambao bado haujaanza kupiga. Dakika kadhaa hivyo. Mi nimeiangalia mara nyingi sana na bado pumzi inanikaa.

Universal, kampuni yenye hiyo muvi, wakampa ukuu wa idara ya muziki papo hapo. Ule muziki wakautumia tena kwenye vipindi vya Flash Gordon, kwahiyo watoto wa Marekani walikuwa wanausikia kila wiki hata jina lake hawalijui. Baadaye akahamia kampuni nyingine ya filamu, MGM, akawa anatunga filamu nyingi kwa mwaka mmoja, nyingine nzuri nyingine za kujaza mkate, hizo nazipita. Pembeni, na jina keshapata, akawa anaenda kusoma kwa mtunzi Arnold Schoenberg, mkimbizi mwenzake.

Nataka nifike 1940, Rebecca, ya Hitchcock. Kama hamjaiona kaitafuteni. Mwanamke kijana kaolewa na tajiri mjane, kapelekwa jumba kubwa, na mke wa kwanza, Rebecca, keshakufa. Hatumuoni hata mara moja, wala picha yake wala sura, lakini nyumba nzima ni yake, vitambaa vina herufi zake, mtumishi mkuu bado anamtumikia marehemu. Sasa dairekta unamwonyeshaje mtu ambaye hayupo? Huwezi. Ikabidi muziki ndo uwe mtu. Waxman akampa Rebecca melodi yake, ikiingia tu ujue kaingia chumbani, na kwenye sehemu fulani badala ya ala za kawaida akaipiga kwa novachord, kinanda cha umeme ambacho kilikuwa ndo kwanza kimetoka madukani mwaka mmoja hivi nyuma, sauti yake haina pumzi, haina upinde wala midomo nyuma yake. Orkesta ya watu hai kwa ajili ya walio hai, na marehemu kapewa mashine. Wazo rahisi kabisa, na linauma. Siku hizi kila mmoja wenu ana sauti elfu moja kwenye laptopu, mi nauliza tu, katika hizo elfu umeshawahi kujiuliza ipi ni ya aliye hai na ipi ni ya marehemu?

1943 akahamia Warner Bros. Kuna Humoresque ya 1946, muvi ya mpiga fidla, Waxman akachukua melodi za opera ya Carmen ya Bizet akazigeuza kipande cha fidla cha kutisha kwa ugumu, kwenye muvi anayepiga kweli ni Isaac Stern. Jascha Heifetz, ambaye kwa fidla hakukuwa na wa juu yake, akakisikia akaomba kirefushwe akipige mwenyewe, na mpaka leo wapiga fidla wanakipiga majukwaani. Tena ni wimbo wa mwenzake, wa Bizet, kaubeba kaufikisha mahali pengine.

Halafu zile Oscar, tuzo kubwa za filamu za Marekani. Sunset Boulevard ya 1950 ni ya Billy Wilder, walijuana toka Berlin, wote wawili walipita Paris wakikimbia. Norma Desmond, nyota wa filamu bubu aliyesahaulika, kapewa tango, kwa sababu sakafu ya nyumba yake ndo aliyochezea tango na Valentino, nyota mwenzake wa filamu bubu, enzi zake, na mwisho anaposhuka ngazi akili imeshamtoka anadhani kamera zile ni za dairekta wake, ile tango inarudi imevunjika vunjika. Akachukua Oscar. Mwaka uliofuata akachukua tena kwa A Place in the Sun ya George Stevens, akawa mtunzi wa kwanza kuchukua Oscar ya muziki wa drama miaka miwili mfululizo. Jumla aliteuliwa mara 12. Mi binafsi naona Rebecca inazizidi zote mbili na haikumpa kitu, basi, kamati ni kamati.

Lakini kilichonifanya nimpende ni cha 1954. Alfred Newman, mtunzi mwenzake, tena mshindani wake kwenye soko lile lile, alitunga muziki wa The Robe, muziki mkubwa sana, na Akademi, chama kinachotoa hizo Oscar, haikumteua hata kwenye orodha. Waxman akajiuzulu uanachama wa Akademi kupinga. Fikiria huyu ni mtu aliyepewa Oscar mbili na hao hao juzi tu, hana alichodhulumiwa yeye, angenyamaza hakuna ambaye angemlaumu. Hapa kwetu mtunzi mwenzako akinyimwa haki yake unasikia watu wanasema bora, nafasi imepungua mtu mmoja. Nimeyasikia hayo kwenye vyumba vya studio kwa masikio yangu na yaliniuma sana.

Na wakati huo alikuwa tayari anaendesha tamasha. 1947 alianzisha tamasha la kimataifa la muziki pale Los Angeles, akaliongoza karibu miaka 20 mpaka mwisho wa maisha yake. Kazi kama 80 zilisikika pale kwa mara ya kwanza duniani au kwa mara ya kwanza Marekani, za Stravinsky, za Walton, za Vaughan Williams, za Shostakovich. Mchana anatunga filamu, jioni yuko na karatasi za wenzake anatafuta wapigaji, anatafuta hela, anasimama mbele kuongoza kazi ambazo si zake. Mi nimeshaandaa tamasha dogo tu la kwaya sita na nilikonda.

Sasa kuna moja inatugusa huku. The Nun's Story ya 1959, dairekta Fred Zinnemann, Audrey Hepburn kaigiza sista wa Kibelgiji, nesi, anatumwa Kongo ya Wabelgiji. Walienda kupiga picha huko huko, Stanleyville, ndo Kisangani ya leo, na kwenye muvi wenyeji wanamwita Mama Luke, ukisikia hilo neno Mama mbele ya jina unajua kabisa uko kwetu. Waxman kwa ajili ya kazi hii alienda Roma kusoma nyimbo za zamani za watawa, zile za sauti moja zisizo na ala, akazifuma ndani ya muziki wake. Halafu akafika kwenye sini ya hospitali ya wagonjwa wa akili akaacha hayo yote, akaandika kwa mtindo wa noti kumi na mbili wa mwalimu wake Schoenberg, ule ambao sikio halipati pa kukaa.

Lakini na Zinnemann hawakuelewana. Zinnemann alikuja kusimulia mwenyewe kwamba muziki aliuona umekuwa mzito, una giza, kama wa magereza ya chini ya ardhi, akakata sehemu nyingi. Ugomvi mkubwa ukawa mwisho wa filamu. Sista anaacha utawa, anavua yale mavazi, anavaa nguo za kiraia, mlango unafunguka wenyewe, anatoka kwenye kichochoro peke yake, anaondoka. Jack Warner mwenye kampuni akataka muziki pale, sababu yake ni kwamba kila filamu ya Warner inaisha na muziki. Zinnemann akamwambia nikiweka muziki wa furaha nitakuwa nampongeza sista kwa kuondoka, nikiweka wa huzuni watu watatoka wamenyong'onyea. Warner akakubali yaishe. Filamu ikaisha kimya.

Nimefikiria sana hii. Mi ni mtu wa Waxman, natamani angeshinda kila ugomvi, na najua usiku aliokesha kuuandika huo mwisho. Ila nikiiangalia ile sini nasema dairekta alikuwa sahihi. Kuna mahali mtu kwenye skrini anafanya uamuzi ambao ni wake peke yake na wewe mtunzi huna haki ya kumshika mkono. Inauma kukatwa, jamani, mi nimeshakatiwa muziki nikajifungia ndani siku mbili, lakini rudi uiangalie picha kwanza kabla hujapiga simu ya hasira. Waxman pamoja na hayo aliteuliwa Oscar kwa filamu hiyo hiyo.

Miaka hiyo mambo yake binafsi yalikuwa magumu. Mke wake Alice, yule waliyekimbia naye Berlin, alifariki 1957, akamwandikia oratorio, yaani kazi kubwa ya waimbaji na orkesta, ya Joshua kwa kumbukumbu. Filamu aliendelea nazo, Taras Bulba ya 1962 ina muziki wa mbio za farasi ambao ukiusikia huwezi kukaa kwenye kiti, lakini moyo wake ulikuwa umeanza kuelekea kwingine.

Kulikuwa na kambi ya Wanazi inaitwa Terezín, kaskazini mwa Prague. Wayahudi walikusanywa pale kabla ya kupelekwa Auschwitz na kwingine kuuawa, na kati yao watoto, maelfu. Watoto wale waliandika mashairi na kuchora, mengi yalifichwa, watu wazima wakayaokoa, watoto wenyewe wengi sana hawakuokoka. Baada ya vita mashairi yakachapishwa. Waxman akayachukua, akatunga The Song of Terezín, ya mwimbaji mmoja wa kike, kwaya ya wakubwa, kwaya ya watoto na orkesta, ikapigwa mara ya kwanza Cincinnati 1965. Angeweza kuandika habari zake mwenyewe, alipigwa mtaani, nchi alipoteza, lugha alipoteza. Hakuandika hizo. Alichukua maneno ya watoto akakaa nayo kama alivyokaa na nyimbo za Hollaender 1930, huyu aende hapa, huyu ashike chini, kwaya ya watoto iachwe juu peke yake bila kufunikwa. Alifariki Los Angeles tarehe 24 Februari 1967 kwa saratani, ana miaka 60.

Nimekuja na rekodi yake. Fundi wa saundi naomba uzime ile feni inapiga kelele, na taa za mbele pia. Sehemu ninayoweka ni ya ile kwaya ya watoto, msikilize ni wapi orkesta inanyamaza ili wao wapite.